Msimulizi Aliyenyamaza: Sinema ya Vienna na Sinema ya Turkana

Mhakiki wa fasihi anapoingia katika uwanja wa sinema huulizwa, na kwa haki, amebeba zana gani. Mimi nimebeba moja tu, nayo ni suala la msimulizi: nani anasimulia, kwa lugha gani, na kwa ajili ya nani. Katika insha hii nakusudia kuitumia zana hiyo kuzitazama kazi za waongozaji filamu ambao, kwa juujuu, hawana uhusiano wowote: Ernst Marischka wa Vienna, na David na Judith MacDougall, mume na mke, waliofanya kazi Turkana. Kinachowaunganisha ni ziwa.

Mnamo Machi 1888 msafara wa Count Teleki, Mhangaria, na Ludwig von Höhnel, afisa wa jeshi la majini la Austria, ulifika kwenye ziwa ambalo Waturkana waliliita Anam Ka'alakol. Wageni hao wakalibatiza jina la Rudolf, mrithi wa kiti cha enzi cha Austria na Hangaria. Rudolf alifariki Januari 1889. Jina lake lilibaki katika ramani zetu hadi 1975, Kenya ilipoliita Ziwa Turkana. Kwa muda wa miaka themanini na saba, basi, mtoto wa Turkana aliyefunzwa jiografia alitakiwa aitaje nyumba ya kifalme ya Vienna ili ayataje maji ya kwao.

Mama yake Rudolf, Malkia Elisabeth, ndiye mhusika mkuu wa filamu tatu zilizompa Marischka umaarufu: Sissi (1955) na mbili zilizoifuata katika miaka ya 1956 na 1957. Marischka, aliyezaliwa mwaka 1893 na kufariki mwaka 1963, alikuwa mtunzi wa kazi nyingi mno. Alianza katika enzi za sinema bubu, akaandika miswada ya filamu kwa makumi, akaongoza vichekesho na filamu za muziki. Mwaka 1954 alikuwa ameshamsawiri Malkia Victoria katika ujana wake, naye pia ziwa letu lina jina lake. Yamkini hakuna mwongozaji mwingine wa Ulaya aliyezizungukia kiasi hicho familia ambazo majina yao yalimwagwa juu ya maziwa ya Afrika Mashariki, ilhali maziwa yenyewe hayamo katika hadithi zake.

Si kusudi langu kumbeza. Filamu ya kwanza ya Sissi ilitoka katika mwaka ambao Austria ilirejeshewa mamlaka yake baada ya miaka kumi ya kukaliwa na majeshi ya mataifa manne. Hadhira yake ilikuwa imechoka, nayo ilihitaji kuambiwa kwamba iliwahi kuwa na uzuri. Sisi tuliolelewa na tenzi za sifa tunaijua haja hiyo, na tunajua kwamba kusifu ni sanaa yenye kanuni zake. Hata hivyo, sifa humtaka msimulizi mjuzi wa yote, anayejua pa kukomea. Marischka anaikatiza hadithi mapema, wakati malkia angali kijana na msiba wa mwanawe uko mbali. Mtazamaji hutoka akiwa ameliwazwa, na hajaachiwa swali hata moja.

David MacDougall, Mmarekani aliyezaliwa mwaka 1939, alianza kazi akiwa na mashaka na msimulizi wa namna hiyo. Filamu za kiethnografia za wakati ule zilitawaliwa na sauti ya mtaalamu iliyoeleza, juu ya vichwa vya wahusika, kila walichokitenda na maana yake. Mwaka 1968 yeye na Judith walirekodi maisha ya Wajie wa Karamoja, Uganda, na katika To Live with Herds (1972) waliyaacha mazungumzo ya wafugaji yasikike yenyewe, tafsiri ikiandikwa chini ya picha. Filamu hiyo ilituzwa Venice mwaka uleule. Katika miaka ya 1973 na 1974 walivuka mpaka wakaja Turkana, wakapata filamu tatu zilizotoka kati ya 1977 na 1981 chini ya jina la pamoja, Turkana Conversations. Baadaye kazi iliwapeleka Australia, Sardinia na India, lakini kwa maoni yangu msingi wa yote uliwekwa huku kwetu.

Neno la kuzingatia katika jina hilo ni "mazungumzo". Lorang's Way inamsawiri Lorang, mzee mwenye boma na mifugo, ambaye kwa kuwa ameuona ulimwengu wa nje anashuku kwamba maisha ya kwao yatadumu kama yalivyo. The Wedding Camels inafuatilia majadiliano ya posa: Kongu, rafiki na rika la Lorang, anataka kumwoa Akai, binti yake. Urafiki ungetarajiwa kurahisisha mambo, kumbe ndio unaoyafanya yawe mazito, maana kila upande una ndugu wenye madai na kila mnyama anayetajwa ana watu nyuma yake. A Wife Among Wives inawasikiliza wanawake wakiijadili ndoa ya wake wengi. Hakuna anayetuambia ni nani aliye na haki. Mtazamaji hana budi kukaa na wasemaji, apime kauli kwa kauli, kama afanyavyo msomaji wa Nagona au Mzingile za Kezilahabi asipopewa msimulizi wa kumshika mkono.

Nilipozifundisha filamu hizi kwa wanafunzi wa uzamili, mmoja aliniuliza: "Mwalimu, fasihi simulizi iko wapi hapa? Sijaona ngano wala kitendawili." Lilikuwa swali zuri, kwa kuwa lilifichua mipaka ya vitabu vyetu. Tumezoea kuvigawa vipera, tukakusanya kilicho na mwanzo na mwisho, na kuyaacha mabishano ya wazee kuwa ni maneno ya kawaida. Ilhali katika mabishano ya posa mna tamathali, vitisho vilivyofichwa katika mzaha, na kimya chenye maana kuliko sentensi.

Hayo nilikuja kuyathibitisha Kaaleng, kaskazini ya Lodwar, nilikokwenda kwa kazi ya uwandani. Jioni moja tuliitazama The Wedding Camels katika tarakilishi ndogo, wazee wanne, kijana aliyenitafsiria, na mimi. Wazee walicheka, na mimi nikasoma ndipo nikacheka. Pengo hilo la sekunde mbili tatu lilinifundisha mengi kuliko makala nilizokuwa nimezisoma. Aidha, mara nyingine walicheka, na maandishi ya Kiingereza hayakuwa na cha kuchekesha. Kijana alipotamka "mahari", mzee mmoja alimkatiza akaniambia kwa Kiswahili chake cha taratibu: "Mwalimu, hiyo mahari ni ya watu wa pwani. Huku mnyama anatoka kwa watu wengi, anaingia kwa watu wengi. Ni njia kati ya boma na boma."

Hapo ndipo ilipo kasoro ya kazi hii ninayoisifu. Wana MacDougall walimnyamazisha msimulizi mjuzi wa yote, lakini tafsiri nayo ni msimulizi, tena msimulizi asiyeonekana. Inachagua, inafupisha, na inaamua nani ahesabiwe kuwa hadhira. Kwa kuandikwa kwa Kiingereza, iliwafikia watazamaji wa Venice na wa vyuo vikuu, na haikuwalenga majirani wa Lorang. Hilo halibatilishi walichofanya, ila linaonyesha mahali walipokiachia.

Na sisi tuko wapi? Kiswahili kilifika Turkana kama lugha ya askari na ya ofisi, lugha ya kuamrishwa. Bado hakijafika kama lugha inayosikiliza. Kwa maoni yangu kazi hiyo ni ya idara zetu: kuyatafsiri mazungumzo haya moja kwa moja kutoka Ng'aturkana hadi Kiswahili, bila kupitia Kiingereza, na vijana wa huko wawe watafsiri wenye majina yao juu ya kazi. Pale ambapo neno "mahari" halitoshi, tukiri katika maandishi yenyewe kwamba halitoshi, tuliache neno la wenyewe lisimame. Wasemaji tuwasikiao katika filamu hizo walikuwa watu wazima miaka hamsini iliyopita. Wanaoweza kutueleza kwa nini walicheka pale walipocheka wanapungua kila kiangazi.