Mpaka U Wapi?

Naomba nafasi nieleze kosa nililolifanya darasani hapa Ipole, kwa kuwa kosa hilo limenifundisha habari za mipaka kuliko vitabu vingi nilivyosoma.

Siku moja nilikuwa nikifundisha jiografia. Nilichora ramani ya nchi yetu ubaoni, nikaizungushia mpaka kwa chaki nyekundu. Katika darasa alikuwamo mtoto mmoja ambaye wenziwe humwita "Mrundi," kwa sababu babu yake alitoka Burundi. Nami, nikidhani naleta mfano mzuri, nikamwita mbele nikamwambia, "Tuonyeshe kwenu." Mtoto akashika fimbo, akaitazama ramani kitambo, kisha akaweka ncha ya fimbo kusini ya Tabora, mahali petu hapa. Darasa zima likacheka. Nami nikacheka. Akarudi kuketi, na kwa siku nyingi hakuinua mkono tena.

Jioni nilimsimulia mama yangu kama kichekesho. Hakucheka. Akaniuliza, "Na babu wa babu yako, mwanangu, kwao kulikuwa wapi?" Swali hilo likanichoma. Sisi twajiita Wanyamwezi, na lugha ya nyumbani kwetu ni Kinyamwezi, lakini mzee yule alikuwa Mmanyema. Alivuka Ziwa Tanganyika na msafara akibeba pembe za ndovu, akafika Tabora, akaoa, asirudi tena. Hapana aliyemdai cheti.

Basi nikafikiri, mpaka wa siku zile ulikuwa nini? Katika Unyamwezi ulikuwa pori kati ya mtemi na mtemi. Msafara ukitoka porini ukaingia katika nchi ya mtu, ulilipa hongo ya nguo au shanga, ukapewa njia. Mtemi akikasirika, njia ilifungwa. Mwaka 1871 Mirambo alipopigana na Waarabu wa Tabora, njia ya Ujiji ilifungwa, hata Stanley akalazimika kuzunguka kwa kusini. Mpaka ulikuwa mtu, wala si mstari, na mtu huweza kusihiwa. Lakini tusizisifu mno siku zile. Hongo iliwaumiza wasafiri, na wengi walipita njia hiyo hiyo shingo zao zikiwa zimefungwa kamba.

Kisha wakaja Wazungu na mistari yao. Mkutano wa Berlin ulifanyika mwaka 1884 na 1885, na mwaka 1890 Wadachi na Waingereza wakapatana juu ya sehemu zao. Lakini jambo moja wengi hatulikumbuki: zamani za Wadachi, Urundi na nchi yetu hii zilikuwa koloni moja. Wabelgiji waliitwaa Tabora Septemba 1916, katika Vita Kuu ya Kwanza. Mwaka 1919 wakapatana na Waingereza: Ruanda na Urundi zikawa za Wabelgiji, na Tanganyika ikawa ya Waingereza. Ndipo pakawa na mpaka wa dola mbili kati yetu na Warundi. Tena mwaka 1964, huko Kairo, wakuu wa nchi huru za Afrika waliazimia kuishika mipaka waliyoikuta siku ya uhuru, wakiogopa kwamba kuigusa kutaleta vita visivyokwisha.

Mwaka 1972 palikuwa na mauaji makubwa Burundi. Watu wengi sana walikimbilia kwetu, wakapewa mapori wayafyeke: Ulyankulu mwaka ule ule, Katumba mwaka 1973, na Mishamo mwaka 1978. Babu wa mtoto huyu alikuwa Katumba, karibu na Mpanda. Walilima wakavuna, lakini hawakuruhusiwa kutoka makazini bila kibali. Mpaka waliouvuka ukawafuata, ukawazunguka hata ndani ya nchi.

Mstari aliouvuka mzee yule ulikuwa na umri wa miaka 53 tu. Iko miembe ya zamani za misafara pale Tabora ambayo ni mikongwe kuliko mstari huo. Babu yangu alivuka kabla ya mstari, yeye alivuka baadaye. Basi mimi nikawa mwenyeji, na mjukuu wake akachekwa.

Je, nasema mipaka ifutwe? La. Wale waliomfuata mzee yule ili wamwue, ni nini kilichowazuia? Ni mpaka. Mstari ule ule nilioutumia kumcheka mjukuu ndio uliomwokoa babu. Nchi yenye mpaka yaweza kumwambia mkimbizi, "Hapa u salama," nayo ikawajibika kwa neno lake. Ubaya huanza pale tunapouondoa mpaka mahali pake, tukauweka kati ya dawati na dawati.

Serikali yetu ilitambua jambo hilo kabla yangu. Mwaka 2007 wakimbizi wale wa 1972 waliulizwa kama wataka kurudi kwao au kuwa raia. Mwaka 2010 watu zaidi ya 160,000 walikubaliwa uraia, na vyeti vyao vilianza kutolewa mwaka 2014. Mwaka ule ule wa 2007 Burundi iliingia katika Jumuiya ya Afrika Mashariki, na mwaka 2010 nchi za Jumuiya zikaanza Soko la Pamoja. Dola zalegeza kamba zake kidogo kidogo, nami mwalimu naikaza kwa chaki!

Wiki iliyofuata nilichora ramani tena. Nikachora njia ya babu wa babu yangu, kutoka Manyema, kuvuka ziwa, mpaka Tabora. Nikawaambia wanafunzi, "Hapa ndipo nilipotoka mimi. Mwenzenu alionyesha kwao kwa haki, nami nilikosa kucheka." Wakanyamaza. Kisha yule mtoto akainua mkono.

"Mwalimu, babu yako alipewa cheti cha uraia?"

"Hapana," nikajibu.

"Babu yangu anacho," akasema. "Amekifungia sandukuni."

Darasa likacheka, nasi wawili tukacheka pamoja nao.