Dirisha la Kaka

Kaka yangu, mtoto wa baba mkubwa, amepanga chumba cha besimenti huko Columbus, Marekani. Kodi nafuu, anasema. Nikamwambia apime dirisha.

Siyo ushamba. Kanuni za ujenzi zinazofuatwa na majimbo mengi kule zinataka chumba cha kulala cha besimenti kiwe na dirisha la kutokea wakati wa hatari: uwazi wake upana usipungue sentimita 51, kimo 61, na ukingo wa chini usizidi 112 kutoka sakafuni. Hapo ndipo watu hupigwa chenga, maana 51 kwa 61 bado hazitoshi. Eneo la uwazi wenyewe lazima liwe kubwa zaidi ya hapo, ili zimamoto mwenye mtungi wa hewa mgongoni apenye. Tena lifunguke kwa ndani bila ufunguo.

La kaka? 40 kwa 60, na nondo juu.

"Mdogo wangu, ngazi si ipo?"

Ngazi yenyewe inatokea jikoni. Nikamuuliza moto huanzia wapi. Kimya. Halafu akacheka: "Na wewe hapo Sinza, nondo zako zinafunguka?"

Zimechomelewa.