Kuanza Upya Bila Kufuta

Mjukuu wangu alirithi kwa kakake, Mola amrehemu, mashine ya michezo ya Nintendo Switch pamoja na mchezo wa Pokémon Sword. Alitamani kuucheza tangu mwanzo, kwa jina lake mwenyewe. Lakini mchezo huo humhifadhia kila mtumiaji kumbukumbu moja tu. Kuanza upya ni sharti ile ya kwanza ifutwe, na pamoja nayo viumbe ambao marehemu aliwakamata na kuwapa majina.

Tulikaa pamoja tukaitafuta njia, nayo ilikuwa fupi. Katika mipangilio ya mashine tulimfungulia mtumiaji wa pili, kadi ya mchezo ikiwa ni ileile. Sasa marehemu ana daftari lake, na mdogo wake ana lake. Viumbe wachache tuliwahamishia Pokémon HOME, hifadhi ya mtandaoni iliyoanza mwaka 2020, ipokeayo 30 bila malipo. Maana mashine nayo huharibika.

Wazazi wenzangu, tusiharakie kusema kuwa huo ni mchezo tu. Sisi wazee huweka kanzu ya marehemu sandukuni. Mtoto yule ameweka majina. Aliyefiwa ana haki ya kuanza upya, wala halazimiki kufuta.