Kofia ya Andy Capp na jicho la Flo

Leo nataka tuongee kuhusu mzee mmoja Mwingereza aliyekufa 1998, kabla wengi wenu mzaliwe. Anaitwa Reg Smythe. Najua hujawahi msikia. Tulia, kuna mahali naenda na hii stori.

Smythe alizaliwa 1917 huko Hartlepool, mji wa bandari kaskazini mwa Uingereza. Babake alikuwa fundi wa mashua. Mamake aliitwa Florence, lakini watu walimwita Florrie. Shika hilo jina. Maisha yalikuwa magumu, shule akaacha akiwa na miaka 14, akaanza kutumwa na mwenye bucha kupelekea wateja nyama. 1936 akaingia jeshi, akakaa huko miaka 10, vita vikamfikisha hadi Afrika Kaskazini. Aliporudi akapata kazi ya ukarani posta, London. Mchana karani, usiku anachora katuni na kujaribu kuziuza kwa magazeti. Yaani hasla ni ya zamani, si sisi tulianzisha.

Mwishowe Daily Mirror wakamchukua. 1957 gazeti lilitaka katuni ya kuvuta wasomaji wa kaskazini, na Smythe alikuwa mtoto wa huko. Tarehe 5 Agosti mwaka huo, Andy Capp akatokea.

Andy ni nani? Ni jamaa mfupi, kofia imeshuka hadi macho hayaonekani, sigara mdomoni. Hana kazi na hatafuti. Maisha yake ni baa, mpira, njiwa, na kulala kwa kochi. Anayefanya kazi ni bibi yake, Flo, anayeosha nyumba za watu. Doo ya Flo ndiyo Andy anaenda kunywa. Hata jina ni mchezo wa maneno: watu wa kule huacha H ya kwanza wakiongea, kwa hivyo "handicap", yaani kitu cha kukurudisha nyuma, inasikika kama jina la mtu. Ukimtazama Flo, unajua ni nani anarudishwa nyuma.

Hiyo kofia nayo ina stori. Smythe alisimulia kwamba akiwa mtoto, alikuwa uwanjani akitazama mpira, mvua ikaanza, na jamaa aliyekuwa kando yake akavua kofia akaificha ndani ya koti. Mtoto akashangaa: mvua inanyesha na wewe unavua kofia? Jamaa akamtazama kama mjinga. Alitaka akae nyumbani usiku mzima na kofia imelowa? Manze, hapo ndipo nilimpenda Smythe. Hakubuni vichekesho hewani. Alisikiliza watu wa kwao.

Na dunia ikasikiliza. Andy Capp alichapishwa kwenye magazeti zaidi ya 1,000, katika nchi zaidi ya 50. Smythe alimchora hadi kifo chake, karibu miaka 41. Mimi nikiposti wiki tatu mfululizo najiita shujaa.

Sasa sehemu ngumu. Kwenye zile katuni za mwanzo, Andy anamchapa Flo. Si mara moja. Flo amekaa sakafuni, jicho limefura, na hicho ndicho kichekesho. Wasomaji walicheka wakinywa chai ya asubuhi. Sikatai, mara nyingine Flo alirudisha, na kwa maneno alimshinda Andy karibu kila siku. Lakini jicho lililofura ni jicho lililofura.

Utetezi naujua, kwa sababu nimeutumia. Eti msanii anaonyesha tu maisha yalivyo mtaani. Januari 2024 vijana wenzetu waliandamana hapa Kenya kupinga mauaji ya wanawake, na mimi nikaposti nikiwaunga mkono. Miezi michache baadaye nikatoa skiti ya jamaa anarudi keja amelewa, anauliza chakula, bibi anajibu, anazabwa kofi. Kofi lenyewe nililiwekea sauti ya kuchekesha. Watu walicheka vibaya sana. Kati ya zile emoji zote za kulia na kicheko, msichana mmoja akaniandikia inboksi: "Kwetu hiyo si skiti." Maneno manne. Nikaanza kumjibu kwamba ni ukweli wa mtaa, nikafuta, nikaandika tena, nikafuta.

Ndiyo maana Smythe hanitoki akilini. 1983 aliacha kuvuta sigara, na Andy naye akaacha. Miaka mingi ile sigara ilikuwa sehemu ya uso wa Andy, lakini mwenyewe alipobadilika, akaitoa, na katuni haikufa. Watu waliendelea kucheka. Kwa hivyo ule utetezi wa "maisha ndivyo yalivyo" unaanguka hapo hapo. Maisha hayashiki kalamu. Aliyeshika kalamu ni Smythe, na alijua anaweza kutoa kitu. Kupigana nako kulipungua kadiri miaka ilivyoenda, hilo nampa. Lakini kulikaa muda mrefu, na kumbuka Flo ana jina linalofanana na la mamake.

Simtupi Smythe. 1976 alirudi kuishi Hartlepool, na hapo ndipo alifia. 2007 mji ukamsimamishia Andy sanamu. Nawaelewa: aliwachora watu ambao magazeti ya London hayakuwajali, akawachora kama mtu aliyekula nao. Hiyo ni kazi kubwa. Na mtu huyo huyo alifanya mamilioni wazoee kucheka mwanamke akiwa sakafuni. Yote mawili ni kweli, na moja halifuti lingine.

Ile skiti nimeitoa. Ndiyo ilikuwa na watazamaji wengi kuliko zote nilizowahi kuposti, kwa hivyo msidhani ilikuwa rahisi. Yule msichana nilimjibu baada ya siku mbili, nikamwambia pole na asante. Hajajibu, na hana deni la kunijibu.

Wewe unayetengeneza kontenti, angalia kazi yako ya mwisho iliyochekesha watu. Nani alikuwa sakafuni?