Mcheza Kwao Hutuzwa: Je, Ua la Kaloleni?

Wahenga walinena kuwa mcheza kwao hutuzwa. Methali hiyo imekubalika kwa dahari na dahari, ila upo mmea mmoja mdogo unaoikanusha. Mmea huo huota katika nyufa za miamba ya chokaa pande za Kaloleni na Chonyi, Kaunti ya Kilifi. Umeketi chini, majani yake yana vinyweleo laini, na maua yake ni ya rangi ya urujuani hafifu. Mwaka wa 1964 wataalamu wa mimea waliupa jina la Saintpaulia rupicola. Neno hilo la pili ni la Kilatini na maana yake ni mkaa mwambani.

Neno la kwanza lina kisa kirefu zaidi. Mnamo mwaka wa 1892, Walter von Saint Paul-Illaire, aliyekuwa mtawala wa Kijerumani huko Tanga, alimpelekea baba yake Ujerumani mmea wa jamii hii. Mwaka uliofuata, mtaalamu Hermann Wendland wa Hannover aliuandika vitabuni na kuuita kwa jina la ukoo huo. Tangu hapo vizazi vya mimea ile vimeenea duniani, na leo hupamba madirisha ya nyumba chungu nzima za Ulaya na Marekani. Kisha baadaye wanasayansi waliuhamishia katika jenasi ya Streptocarpus, na jina la ukoo wa Kijerumani likaondolewa na jingine la kigeni vilevile. Mmea umebatizwa mara mbili, na mara zote mbili mwenyeji hakuulizwa.

Ilhali unaenziwa ugenini, kwao unaangamia. Ua la mwambani huishi kwa kivuli cha miti na kwa mboji haba inayokusanyika nyufani. Miti ikikatwa kwa ajili ya makaa au shamba, jua huyababua majani yake. Mwamba nao ukipasuliwa ili kupata mawe ya kujengea, mmea hauna pa kuhamia. Si ajabu kwamba umeorodheshwa miongoni mwa mimea iliyo katika hatari kubwa kabisa ya kutoweka.

Huenda mtu akauliza hofu ni ya nini, maadamu jani moja likichomekwa udongoni huzaa mche mpya. Ni kweli, lakini mche huo ni nakala ya mamaye. Ile ya madirishani, kwa wingi wake wote, imetokana na mababu wachache, na haikubeba urithi wote ulioko miambani. Mwanafunzi wa lugha hana haja ya kufafanuliwa zaidi jambo hili. Neno lililohifadhiwa katika kamusi baada ya msemaji wa mwisho kufariki haliwi lugha. Hubaki kuwa kumbukumbu ya lugha.

Hapa ndipo taaluma ya Kiswahili inapohusika. Misitu ya kaya za Wamijikenda, ambayo UNESCO iliitia katika orodha ya Urithi wa Dunia mwaka wa 2008, haikulindwa karne zote hizo kwa seng'enge wala kwa askari. Ililindwa kwa neno. Mzee alitamka mwiko, kijana akausikia, na shoka likabaki begani. Mwamba ulio nje ya kaya, usio na mwiko wala hadithi, hauna mtetezi wa namna hiyo.

Kiswahili chenyewe kina fumbo la kufikirisha. Ua la ngeli ya LI-YA huchanua, ua wa ngeli ya U-ZI huzunguka nyumba na kuilinda, na kitenzi ua hutoa uhai. Ua la Kaloleni limekosa ua, na kwa hiyo linauawa.

Vyama vya wanafunzi wa Kiswahili vimezoea kujadili uundaji wa istilahi za kompyuta, za sheria na za benki, na kazi hiyo ni njema. Hata hivyo, zipo istilahi zisizohitaji kuundwa, bali kuokotwa kutoka kwa wazee wa Kigiriama, Kijibana na Kichonyi waliokulia chini ya miamba hiyo. Mwanafunzi anayekwenda likizo Kaloleni akiwa na daftari na kalamu anaweza kuuliza mimea inaitwaje, inatumiwaje, na miiko yake ni ipi. Atakachorudi nacho kitaitajirisha kamusi, na pengine kitaipa miamba mtetezi.

Jina peke yake halizuii nyundo ya mpasua mawe. Lakini ni vigumu zaidi kuibomoa nyumba ya mtu unayemjua kwa jina kuliko ya asiyejulikana.