Barafu Iliyosimuliwa Ukambani

Mji mdogo wa Tawa umo katika vilima vya Mbooni, huko Makueni. Msafiri atokaye hapo kuelekea mashariki huteremka hata mto Athi, na ng'ambo ya mto ndiyo Kitui. Bonde hilo ni la jua na vumbi, wala hapana adhaniye kwamba habari za barafu zaweza kutoka huko. Lakini zilitoka.

Mwenye habari alikuwa Kivoi, mfanyabiashara mkuu wa pembe za ndovu, ambaye misafara yake ilifika pwani. Mwezi wa Novemba 1849 alimkaribisha Dokta Krapf, mmisionari Mjerumani aliyekuja kwa miguu kutoka Rabai. Kivoi alimweleza kuwa uko mlima, mwendo wa siku kadhaa, uitwao Kiinyaa, nao kileleni una kitu cheupe. Mtu mmoja wa Embu akaongeza kwamba yeye akaa karibu nao lakini hajaupanda kwa ajili ya baridi kali, na kwamba kitu hicho cheupe huporomoka kwa kishindo. Mtu asiye na neno la barafu angeielezaje vizuri zaidi? Tarehe 3 Desemba mawingu yalifunguka, na Krapf akaiona milima miwili mfano wa pembe, imekaa juu ya mlima mkubwa.

Huko London bwana mmoja, Cooley, aliyeichunguza Afrika kwa kusoma vitabu, alikataa katakata kuwa theluji yaweza kukaa penye jua la Ikweta. Na katika miaka hiyo hiyo Uingereza ilikuwa ikipeleka meli baada ya meli Kaskazini ya dunia kumtafuta Sir John Franklin, aliyepotea barafuni na watu wake wote, jumla 129, baada ya kung'oa nanga mwaka 1845. Barafu ya mbali ilisadikiwa kwa gharama kubwa; ya Kivoi haikusadikiwa hata bure.

Kivoi hakuishi kuona akithibitishwa. Mwaka 1851 aliuawa na wanyang'anyi karibu na mto Tana, akisafiri pamoja na Krapf. Krapf aliponea chupuchupu, akarudi peke yake akichukua maji ya kunywa ndani ya mtutu wa bunduki.

Mwaka 1883 Joseph Thomson aliuona mlima ule kwa macho yake. Mwaka 1887 Teleki aliupanda, asifike kileleni. Na tarehe 13 Septemba 1899 Mackinder alikifikia kilele cha Batian pamoja na viongozi wawili wa milima ya Alps, Ollier na Brocherel. Sehemu kubwa ya barafu waliyoikanyaga siku ile imekwisha kuyeyuka.