Debe la Katikati

Kazi ile mimi na kaka yangu tuliiita kuyazika. Unachukua ndoo ya plastiki iliyokatwa matako, unaisimamisha katikati ya gunia tupu, unamimina mahindi mabovu ndani ya ndoo na mazuri pembeni, kisha unaivuta ndoo taratibu kadiri gunia linavyojaa. Ukimaliza, gunia la debe sita lina debe moja bovu tumboni. Mnunuzi akichoma bambo lake ubavuni, anatoa punje nyeupe, kavu, zinazong'aa. Bambo la wengi halifiki katikati ya gunia lililoshiba. Nilifanya hivyo tangu 2009, nilipofungua kibanda changu cha mazao kando ya barabara kuu iendayo Dodoma, mpaka 2018.

Wanaotoa ushuhuda kanisani huanza na dhambi, wakamalizia na siku walipookoka. Mimi sina siku hiyo. Jumapili nilikuwa naimba kwaya, Jumatatu nazika.

Kwa kweli sikuyahesabu mahindi yale kuwa sumu. Kwangu yalikuwa hasara, na mfanyabiashara kazi yake ni kuikimbia hasara. Kila bovu lilikuwa na mteja wake. Yaliyoota ukungu kabisa walichukua akina mama wapika kangara, na hawakuwa wanauliza. Yaliyofuata yalikwenda kwenye chakula cha kuku. Karanga zilizosinyaa na kubadilika rangi zilinunuliwa na watu wa kusaga unga wa lishe, ule wa uji wa watoto. Hili ndilo linaloniamsha usiku mpaka leo kuliko yote. Yenye nafuu kidogo tuliyazika. Zilizobaki sakafuni, chenga na punje zenye madoa ya kijani iliyochanganyika na njano, nilimpa kaka.

Kaka alikuwa ndiye mkubwa wetu. Shamba lake lilipomtupa miaka miwili mfululizo, alikuja kunisaidia kupakua na kupanga magunia. Nilimlipa, lakini kila Jumamosi nilimwongezea debe mbili za masalia. "Beba, kaka, kuku wasije wakafaidi bure." Alishukuru kwa mikono miwili kama mtu aliyepewa ng'ombe. Wifi yangu aliyaosha, akayaanika upya juu ya mkeka, akayapeleka mashineni yasagwe dona. Kukoboa kuna gharama yake, na pumba nazo ni chakula kinachopotea, kwa hiyo mwenye watoto watano hakoboi. Baadaye sana nilikuja kuelewa kwamba sumu ya ukungu hukaa zaidi kwenye kiini na ganda, na kwamba kukoboa huondoa sehemu kubwa yake. Dona ni chakula kizuri kuliko sembe, kila mtaalamu wa lishe atakwambia hivyo, ila mahindi yawe safi. Yakiwa machafu, kile kinachoifanya dona iwe bora ndicho kinachobeba sumu mpaka mezani.

Mwaka 2016 zilienea habari za ugonjwa katika vijiji vya Dodoma na Manyara. Watu wanageuka manjano, tumbo linajaa, wanatapika, wanakufa. Waliougua walizidi 60 na waliofariki walikuwa 20, wengi wao watoto. Wataalamu walipopima chakula chao wakataja neno ambalo sokoni kwetu lilikuwa geni: sumukuvu. Tulicheka. Dalali mmoja mtu mzima alisema hizo ni mbinu za wakubwa za kushusha bei ya mahindi. Nami nikadakia, nakumbuka maneno yangu vizuri kwa sababu watu walicheka zaidi: "Ukungu tumeula tangu enzi za babu, mbona hatujafa?"

Nimesoma mengi tangu wakati huo, maana mtu akishapata kidonda hutafuta kisu kilichomkata. Sumukuvu ilijulikana Uingereza mwaka 1960, baada ya bata mzinga zaidi ya 100,000 kufa wakiwa wamelishwa mashudu ya karanga zenye ukungu kutoka Brazili. Mwaka 2004 iliua watu 125 huko mashariki mwa Kenya, kwa mahindi waliyovuna na kuhifadhi wenyewe. Hayo ni mauaji ya haraka, mtu anakula nyingi kwa muda mfupi, na magazeti yanaandika. Ile inayoliwa kidogo kidogo, ugali wa leo na wa kesho kwa miaka ishirini, haina mwandishi wa habari. Moto wa jikoni hauiondoi. Ukiosha unaondoa ukungu unaoonekana, sumu inabaki. Na ini, ambalo kazi yake ni kusafisha mwili, ndilo linaloigeuza kuwa kali zaidi, ikang'ang'ania vinasaba na kuviharibu.

Mwishoni mwa 2017 kaka alianza kushika ubavu wa kulia. Alikonda usoni na mikononi huku tumbo likikua. Wazee wa ukoo walishajua jibu: alikuwa na ugomvi wa mpaka wa shamba na jirani, basi amerogwa. Tulitembea kwa waganga miezi mitatu na tukaacha huko mbuzi wawili na fedha ambazo sitaki kuzitaja. Tulipofika hospitali ya rufaa macho yake yalikuwa ya rangi ya ganda la ndizi mbivu. Kipimo cha ultrasaundi kilionyesha ini lenye uvimbe kila upande. Damu ilionyesha pia kirusi cha homa ya ini aina ya B, ambacho pengine alikuwa nacho tangu utotoni bila kujua.

Daktari, kijana ambaye angeweza kuwa mwanangu wa kwanza, alimgeukia wifi. "Nyumbani chakula chenu kikubwa ni nini, mama?"

Nikawahi kujibu mimi. "Ugali, dokta. Kama watu wote."

Siku iliyofuata nilirudi peke yangu. Nikamwambia kazi yangu, na debe mbili za Jumamosi. Nilitaka aseme ndiyo au hapana. Alivua miwani akaifuta kwa koti lake, muda mrefu kuliko uchafu uliokuwepo.

"Mama, sina namna ya kujua. Mtu mwenye kirusi hiki anaweza kupata saratani ya ini hata kama hajawahi kula punje mbovu. Na mtu anaweza kuipata kwa sumukuvu bila kirusi. Vikikutana vyote viwili, hapo ndipo hatari inapanda sana. Sumu ileile, kwa mwenye kirusi, nguvu yake ya kuleta saratani inakadiriwa kuwa kama mara thelathini ya ilivyo kwa asiye nacho. Lakini uvimbe hauji na risiti."

Hauji na risiti. Ningeambiwa kuwa nimemuua, ningelia, ningetubu, ningejua pa kusimama. Ningeambiwa sikumuua, ningerudi kibandani. Nikaachwa katikati, na hapo ndipo nilipo hadi leo. Ndipo nilipoelewa jinsi nilivyokuwa nimelala usingizi mzuri miaka tisa: mteja wa sumukuvu harudi kulalamika. Anaugua baada ya miaka mingi, mbali, akiwa ameshakula mahindi ya wafanyabiashara hamsini, na anazikwa na jina la mchawi mdomoni mwa ndugu zake.

Kaka alifariki mwezi wa tatu 2018, mvua za kifuku zikiwa bado zinanyesha. Chakula cha msibani kilitoka ghalani kwangu, magunia manne. Nilisema chukueni tu, hayo ni ya kaka. Siku ya pili nilikaa karibu na akina mama waliokuwa wakichambua kabla ya kupeleka mashineni. Shangazi alikuwa na ungo mapajani. Alitoa punje ya kijani akairushia kuku, akatoa nyingine, kisha akashika konzi nzima, akainusa na kukunja uso. Mwenzake akamzuia: "Usitupe chakula cha watu, wageni wengi." Akazirudisha. Nikatazama gunia lililofunguliwa. Uzi wa kushonea ulikuwa wa bluu. Uzi wa bluu nilikuwa nautumia kwa magunia niliyoyazika, ili mimi mwenyewe nisije nikachanganya.

Sikusema kitu. Watu zaidi ya mia walikula. Mimi nilisema sina hamu, wakanisifu kwa uchungu wa kumlilia kaka.

Ningependa kuandika kwamba niliacha siku hiyo. Wiki moja baada ya matanga nilikuwa nadaiwa na mwenye lori, nikauza magunia mawili yenye uzi wa bluu yaliyokuwa yamebaki. Hayo ndiyo ya mwisho. Ndoo isiyo na matako niliichoma, ikatoa moshi mweusi unaonuka, na jirani akaja kuuliza kama kuna kitu kimeungua.

Niliyoyafanya baada ya hapo ni madogo madogo, na mengine yalinigharimu. Mkulima akileta mahindi, simwamini kwa jino kama zamani, kuuma punje na kusikiliza mlio. Nina chupa ya soda, ya kioo, iliyooshwa na kukauka kabisa. Naweka mahindi kiasi, natia chumvi kavu kijiko kimoja, nafunga, natikisa vizuri, naiacha itulie dakika kumi hivi. Chumvi ikigandia kwenye kuta za chupa, unyevu bado uko juu ya asilimia 15, na mzigo haushushwi. Ghalani yanatakiwa yashuke mpaka 13.5 hivi, vinginevyo ukungu unaanza kazi. Nina maturubai kumi na mawili. Nawaazima wakulima wangu bure wasianike juu ya ardhi tupu. Magunia yanakaa juu ya mbao, mbali na ukuta. Punje zilizosinyaa na zenye madoa tunazichambua mchana kutwa, na kila kilo inayotoka ni fedha yangu. Pamoja na yote hayo sumu inaweza kuwepo palipo safi machoni. Viwango vya Afrika Mashariki vinaruhusu sehemu 10 tu katika bilioni, na hiyo hakuna jicho wala bambo linaloiona, ni maabara. Wateja wangu wa zamani wawili walihama kwa sababu bei yangu ilipanda kidogo. Siwalaumu, nao wana wateja wao.

Kuhusu kirusi, tulipima ukoo mzima. Mimi sikuwa nacho, nikachanjwa mara tatu. Wifi hana. Mtoto wao wa kwanza, aliyezaliwa 1996, anacho, na sasa anafuatiliwa kliniki na hanywi pombe hata tone. Wadogo zake wawili wa mwisho walizaliwa baada ya 2002, mwaka ambao chanjo ya homa ya ini B ilianza kutolewa kwa watoto wachanga nchini kwetu. Hao hawana. Mstari uliopita kati ya watoto wa mama mmoja ulikuwa ni kalenda tu. Taiwan walianza kuchanja watoto wachanga 1984, na saratani ya ini kwa watoto wao ikapungua waziwazi.

Nilimuuliza yule daktari, alipopita sokoni safari moja, kama saratani zote ziko hivi. Akanipa hesabu. Mwaka 2022 duniani waligundulika wagonjwa wapya wapatao milioni 20, na waliofariki walikaribia milioni 10. Wa ini peke yao walizidi 750,000. Shirika la Afya Duniani linasema kati ya asilimia 30 na 50 ya saratani zote zingeweza kuzuilika: tumbaku ikiwa ya kwanza, kisha pombe, unene, virusi kama hicho cha kaka na kile cha mlango wa kizazi, na sumu za kwenye hewa na chakula. Neno hilo "kuzuilika" lilikuwa likinikera. Azuie nani? Mkulima anavuna mbichi kwa sababu ada ya shule haisubiri jua. Pakiti ya sigara ina onyo, anayevuta amesoma au amekataa kusoma. Sahani ya ugali haina onyo. Anayekula hawezi kuzuia chochote. Anayeweza ni aliyeshika gunia kabla yake, na kwa miaka tisa huyo nilikuwa mimi.

Machi 2021, Kenya iliposimamisha kwa siku chache mahindi kutoka Tanzania na Uganda kwa ajili ya sumukuvu, malori yalipanga foleni mpakani na sokoni kwetu watu walipiga kelele kwamba ni wivu wa biashara. Huenda na wivu ulikuwepo, sikatai. Dalali wetu mtu mzima alinigeukia nichangie, maana alikumbuka nilivyowachekesha 2016. Nikainama nikafunga kamba ya kiatu.

Msimu uliopita mvua ya mwisho ilichelewa kukatika, na mzigo mmoja ulinipita mkononi: magunia matatu yakaota ukungu ghalani. Mama mmoja mpika kangara alisikia, akaja na baiskeli.

"Dada, nimesikia una ya pombe."

"Sina ya kuuza, mama. Hayo nafukia."

Alinicheka, akadhani napandisha bei. Akaongeza, nikakataa. Nikamweleza habari za ini, naye akasikiliza kwa adabu, mkono mmoja kwenye usukani wa baiskeli. Kisha akasema, bila ubaya, kwamba ana watoto wanne na kwamba wanywaji wake hawajawahi kulalamika. Vijana wangu wakaendelea kuchimba shimo nyuma ya kibanda. Yeye akavuka barabara, akaingia kibanda cha tatu kutoka changu, na baada ya muda akatoka na gunia limefungwa nyuma ya baiskeli, kwa bei ileile niliyokuwa nikimuuzia mimi.